Tulivyodai kodi ya frem za wakfu bila kumfungia mtu kufuli

Msikiti wetu hapa Kirumba, Mwanza, una frem zinazotazama njia ya kwenda mwaloni, kwenye soko la samaki kando ya ziwa. Mwenyewe alizitoa wakfu, yaani mali iliyotengwa kwa ajili ya Mungu, na kodi yake ndiyo inayolipa walimu wa madrasa na bili ya maji ya kutawadhia. Kwa hiyo mpangaji wa frem ya mwisho, mzee wa magunia ya dagaa, alipoacha kulipa, walioumia kwanza ni walimu. Nililisema hilo kila kikao, maana wapo waliosema mali ya Mungu haipelekwi barazani, aachwe. Naamini ni kinyume chake. Kodi ya nyumba yangu naweza kuisamehe nikipenda. Ya wakfu hakuna kati yetu mwenye haki ya kuisamehe.

Vijana nao walitaka kuweka kufuli usiku. Nilikataa kabisa. Ukifunga frem yenye mali ya mtu ndani bila amri ya baraza, umempa yeye kesi, na dagaa wakiharibika humo mnadaiwa ninyi.

Kazi kubwa ilikuwa jina. Mkataba ulisema "Uongozi wa Msikiti", wakati kisheria anayeshtaki na kushtakiwa ni bodi ya wadhamini iliyosajiliwa, kwa jina lilelile lililo kwenye cheti cha RITA, wakala wa serikali unaosajili wadhamini. Ukikosea hapo, wakili wa upande wa pili anaweka pingamizi la awali na shauri linaweza kutupwa kabla deni halijatajwa. Nikaomba bodi ikae na kunipa muhtasari wenye sahihi wa kufuatilia deni. Notisi ya siku 30 ikatoka kwa jina la wadhamini. Mkataba tukaulipia ushuru wa stempu, kwa kuwa usiolipiwa haupokelewi kama ushahidi. Muda haukututisha: sheria ya ukomo inatoa miaka 6 kudai malimbikizo ya kodi ya pango.

Mzee hakujibu, tukaenda Baraza la Kata. Tangu sheria irekebishwe mwaka 2021, baraza hilo haliamui tena mashauri, linasuluhisha tu. Siku 30 zikipita bila suluhu, unakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Mzee alikuja na daftari lake.

"Ustadhi, deni silikatai. Ninyi mnataka tarehe moja kila mwezi, pesa yangu mimi inakuja na giza."

Alisema kweli. Dagaa huvuliwa kwa taa. Mbalamwezi ikiwaka, mitumbwi inalala. Tarehe yetu mara nyingi ilimkuta hana kitu, na hakuna katika kamati aliyewahi kumuuliza.

Tukaandika deni ligawanywe mafungu, kila fungu lilipwe giza linapoisha, benki kwenye akaunti ya bodi, si mkononi mwa mtu baada ya swala. Mama mmoja mjumbe wa baraza akatusihi tuandike pia kwamba akikosa mafungu mawili mfululizo atarudisha funguo mwenyewe. Kifungu hicho kiliwatuliza hata wale vijana. Tukasaini pale pale.

Fungu moja lilichelewa kwa sababu ya upepo ziwani, akapiga simu kabla. Mengine yaliingia kwa wakati hadi deni likaisha. Mikataba yote sasa ina jina kamili la bodi, na wapangaji wengine wa biashara ya dagaa wameomba nao walipe kwa giza. Bodi imekubali.