Mungu aliyeugua homa

Nikiwa nasoma Bhubaneswar, India, mwenzangu wa darasani alinipeleka mji wa Puri kuona Rath Yatra, sikukuu ya Kihindu ambapo sanamu za miungu huvutwa barabarani kwa magari makubwa ya mbao. Ndani ya hekalu la mungu Jagannath sisi tusio Wahindu haturuhusiwi, ila siku hiyo mungu mwenyewe hutoka barabarani. Nikamwona: macho makubwa ya mviringo, mikono vigutu.

Mbona hajamaliziwa? Jamaa akacheka. Kisa chao ni kwamba seremala alijifungia kuchonga sanamu yake, akaonya mlango usifunguliwe siku 21. Malkia akakosa subira. Kufungua, seremala hayupo, kazi iko nusu.

Walionivutia zaidi ni makuhani waitwao Daitapati. Wanahesabiwa kuwa uzao wa Vishvavasu, mkuu wa watu wa msituni aliyemwabudu mungu huyu kwa siri kabla mfalme hajamjua. Kwa hiyo akishaogeshwa pamoja na miungu wenzake kwa mitungi 108 ya maji akapata homa (ndiyo, anaugua!), ni wao wanaomuuguza faraghani kama siku 15, kwa dawa za mitishamba. Kama ndugu yao.

Juu ya gari lile la magurudumu 16 kuhani mmoja, jasho linamchuruzika, alikuwa ameegemea sanamu kama abiria wa daladala aliyebanana na kaka yake.