Mlango Ulioshikiliwa na Bahari

Somo: Yona 2:1–10

Wapendwa, Yona anasema makomeo ya nchi yalimfunga. Watu watatu waliyaonja hayo tarehe 1 Februari 1851 katika bandari ya Kiel, Ujerumani, walipozama na nyambizi Brandtaucher: Wilhelm Bauer aliyeibuni, na wenzake Witt na Thomsen.

Chombo kilikuwa na urefu wa mita 8 hivi, rafadha, yaani panga la kukisukuma majini, ikizungushwa na watu wanaokanyaga magurudumu. Ili kupunguza gharama, mabati yalifanywa membamba kuliko Bauer alivyotaka. Tena farumi yake, yaani maji ya kukipa uzito, ilikaa huru sakafuni. Chombo kilipoinama, maji yakakimbilia tezi, yaani sehemu ya nyuma, tezi ikatangulia chini, mabati yakabonyea na kuvuja. Pampu zikashindwa.

Mlango wa kutokea ulikuwapo, ila bahari ilikuwa imeukalia. Kwenye kina cha mita 10, kila mita ya mraba hubeba takriban tani 10 za maji. Kifuniko cha kipenyo cha sentimita 60 kingelemewa na karibu tani 3, na hakuna bega la kuinua hizo.

Bauer akasema: fungueni valvu, maji yaingie. Maji yakipanda, hewa iliyobaki hubanwa mpaka kani ya ndani ilingane na ya nje (kwenye mita 10 hubaki nusu ya ujazo wake), ndipo kifuniko huwa chepesi. Wenzake wakakataa. Nani awalaumu? Unazama, na mtu anakwambia uongeze maji! Saa zikapita, hewa ikachafuka kwa pumzi zao wenyewe. Huko juu waokoaji walikuwa wakishusha nanga na minyororo, ambayo ingeweza kuuziba mlango uleule.

Mwishowe wakakubali. Kifuniko kikafunguka, hewa iliyobanwa ikawarusha wote watatu hadi juu, wakiwa hai. (Anayepanda hivyo hutoa pumzi njia nzima, akiibana, hewa hutanuka na kupasua mapafu.)

Yona naye, samaki aliyemmeza ndiye aliyemwokoa na kilindi. Juma hili someni polepole, mtazame mpangilio: sadaka ya shukrani anaiahidi katika mstari wa 9, akiwa bado tumboni. Nchi kavu inakuja mstari wa 10.